Adui wa Dragon Inn na baba wa Hsiao-kang: kazi ya Miao Tien

Swali: "Nimetazama Goodbye, Dragon Inn ya Tsai Ming-liang. Kuna mzee anaingia sinema na mtoto mdogo, anakaa, anatazama, basi. Rafiki yangu anasema alikuwa mwigizaji mkubwa wa filamu za mapanga za Taiwan, kazi zikamwishia, akabaki kupewa nafasi za kukaa tu kwa kuhurumiwa. Ni kweli? Mzee huyu ni nani, na nikitaka kumjua nianze na filamu ipi?" Msomaji, Morogoro.

Ndugu yangu, mzee uliyemwona ni Miao Tien. Rafiki yako amepatia jambo moja: alitokea kwenye filamu za mapanga, tena ni mmoja wa maadui wanaokumbukwa zaidi katika sinema ya Taiwan. Hilo la kuhurumiwa silikubali hata kidogo, na nitakujibu kwa urefu kwa sababu waigizaji wa filamu za mapigano husingiziwa hivyo mara nyingi. Watu hudhani kazi yao iko kwenye mikono na miguu, kwa hiyo mwili ukichoka wanaonekana hawana kitu tena. Miao Tien ni ushahidi mzuri kuliko wote ninaoujua kwamba haiko hivyo.

Alizaliwa mwaka 1925 katika jimbo la Jiangsu, China bara, akafariki mwaka 2005. Sinema ya Taiwan aliyofanyia kazi ilikuwa na pande mbili. Upande mmoja ulizungumza Kihokkien, lugha ya wenyeji wengi wa kisiwa, na filamu zake zilitengenezwa haraka kwa fedha kidogo. Tangu katikati ya miaka ya 1950 hadi mwanzoni mwa miaka ya 1970 zilifika zaidi ya elfu moja. Upande wa pili ulizungumza Kimandarini, lugha ya serikali, nao ndio uliopata studio nzuri na masoko ya nje. Jina la Miao Tien lilikuzwa na upande huu wa pili, tena akiwa ameshavuka miaka arobaini, umri ambao stelingi wengi wa mapigano huanza kutafuta namna ya kupumzika. Kumbuka umri huo. Hakuwahi kujulikana na watazamaji kama kijana.

Aliyemjulisha kwa watu ni King Hu. Muongozaji huyu, mzaliwa wa Beijing, alikuwa akifanya kazi Hong Kong katika kampuni ya Shaw Brothers, na mwaka 1966 alitoa Come Drink with Me, filamu iliyoyapa mapigano ya panga mdundo wa opera ya Beijing. Baada ya hapo akaachana na Shaw, akahamia Taiwan katika kampuni ya Union. Filamu yake ya kwanza huko, Dragon Inn, ilitoka mwaka 1967 na kuvunja rekodi ya mapato kisiwani.

Kisa chake ni chepesi kukieleza. Ni mwaka 1457, enzi za nasaba ya Ming. Waziri mwaminifu ameuawa kwa fitina za ikulu, watoto wake wanapelekwa uhamishoni mpakani, na towashi mwenye madaraka, Cao Shaoqin, anatuma watu wakawamalize njiani asije akabaki wa kulipiza kisasi. Wauaji hao wanaiteka nyumba ya wageni iliyo peke yake kwenye nyika ya mawe, wanaijaza watu wao, wanangoja. Pi Shaotang, mmoja wa wakuu wa wauaji, ndiye Miao Tien. Kisha anaingia msafiri mmoja asiyeonekana kuwa na wasiwasi wowote, Xiao Shaozi, anayechezwa na Shih Jun. Anaambiwa hakuna nafasi. Anakaa hivyo hivyo, anaagiza pombe na chakula.

Hapo ndipo filamu inapoonyesha uzito wake, na hapo ndipo pa kumtazama Miao Tien. Kwa muda mrefu hakuna anayechomoa panga. Watu wanakaribishana kwa adabu, pombe inayomiminwa ina sumu, kila mmoja anajua kwamba mwenzake anajua, na ukumbi mzima umegeuka ubao wa bao ambao wachezaji wake wamenyamaza wakihesabu kete za mwenzao. Anayepaparika ameshindwa. Sasa adui katika hali hiyo anahitaji nini? Kupiga kelele kungeiharibu filamu yote. Miao Tien anamcheza Pi kama mtu wa ofisini aliyezoea kuua kwa barua: mgongo umenyooka, uso mwembamba hautoi habari, macho yanatangulia kichwa kugeuka. Akitabasamu, tabasamu linaishia mdomoni. Mtazamaji anamwogopa kabla hajafanya lolote, kwa sababu mtu asiyepoteza hata ishara moja ya mkono huonekana ameshaamua kila kitu.

Mkubwa wa maadui katika kisa ni towashi mwenyewe, ambaye Bai Ying anamcheza kwa nguvu za kutisha, na mpangaji wa mapigano, Han Yingjie, naye yumo kama muuaji mwingine. Lakini towashi anaingia kwenye mapambano karibu na mwisho tu. Sehemu kubwa ya kungoja ndani ya nyumba ile imebebwa na Pi na Xiao, yaani na Miao Tien na Shih Jun. Baadaye wawili hao watakutana tena, nitafika huko.

Niongeze jambo la ufundi, maana linajibu swali lako moja kwa moja. King Hu hakutegemea wapiganaji wa kweli. Alificha trampolini ili watu waruke, akakata picha vipande vifupi sana kiasi kwamba jicho linaona matokeo ya pigo kabla halijaona pigo lenyewe, akaoanisha hatua za waigizaji na midundo ya ngoma na vibao vya opera. Alichohitaji kwa mwigizaji ni namna ya kusimama, namna ya kutulia na kujua lini atikisike. Kwa maneno mengine, katika filamu iliyojenga jina la Miao Tien kama mtu wa mapanga, panga ndilo lililokuwa na kazi ndogo. Utulivu ulikuwa ndio mshahara wake tangu mwanzo.

Kuanzia hapo kazi zilimiminika. King Hu alimtumia tena katika A Touch of Zen, iliyoonyeshwa Taiwan mwanzoni mwa miaka ya 1970 na kupata tuzo ya ufundi kwenye tamasha la filamu la Cannes, Ufaransa, mwaka 1975. Kwa waongozaji wengine alicheza adui baada ya adui katika miaka ambayo Taiwan ilikuwa inatoa filamu zaidi ya mia moja kwa mwaka. Sitakudanganya kwamba zote ni nzuri. Nyingi zilipigwa haraka, na anachoombwa mwigizaji ni kukunja uso, kucheka kwa dharau na kufa dakika ya mwisho. Ndiyo hatari ya kufanikiwa kama adui: wanakupenda kwa uso mmoja, wanakuajiri kwa uso huo huo mpaka unachakaa. Sisi wa Afrika Mashariki tunaujua mtindo huu, maana filamu za mapigano za Hong Kong na Taiwan zilijaza majumba ya sinema ya Dar es Salaam na Zanzibar miaka ya 1970, na baadaye vibanda vya video. Stelingi tulimjua kwa jina. Adui tulimjua kwa sura, tukamzomea, hatukuuliza anaitwa nani.

Kisha wimbi likapita. Miaka ya 1980 ilileta kizazi kipya cha waongozaji wa Taiwan waliotaka kusimulia maisha ya kawaida, na soko likawa la filamu za Hong Kong na za Marekani. Studio za mapanga zikakosa kazi. Waigizaji wa aina ya Miao Tien wakabaki na televisheni. Ukiishia hapa, maneno ya rafiki yako yanaonekana kweli.

Mwaka 1992 Tsai Ming-liang, mzaliwa wa Kuching, Malaysia, aliyetokea kwenye tamthilia za televisheni Taiwan, alitoa filamu yake ya kwanza ya sinema, Rebels of the Neon God. Stelingi wake, Lee Kang-sheng, hakuwa mwigizaji. Tsai alimwona nje ya ukumbi wa michezo ya video. Anamcheza Hsiao-kang, kijana anayesomea mitihani asiyoitaka. Mama yake ni Lu Yi-ching. Baba yake, dereva wa teksi wa Taipei, ni Miao Tien.

Fikiria alichoombwa. Huyu ni mzee wa miaka sitini na kitu, aliyekulia katika filamu ambazo kila mtu anajua kamera iko wapi. Mbele yake yupo kijana ambaye hajawahi kufundishwa, anayesema taratibu na kusogea taratibu kuliko mtu wa kawaida. Mwigizaji mzoefu akitaka, anaweza kummeza kijana kama huyo kwa sekunde tatu: pumzi moja nzito, jicho moja kali, na macho yote yakamhamia yeye. Miao Tien hafanyi hivyo. Anapunguza mwendo wake mpaka unalingana na wa kijana. Matokeo yake unaamini kwamba hawa wameishi nyumba moja miaka ishirini na hawajui la kuambiana. Yupo baba anayemtaka mwanawe waende sinema na hapati maneno ya kulisema jambo hilo vizuri. Mwishoni anauacha mlango wa nyumba wazi kidogo, mwana akirudi akute njia. Nimeona akina baba wengi kwenye filamu wakihutubia watoto wao kuhusu upendo, na sikumbuki hata mmoja aliyenifikia kama mlango ule.

The River, ya mwaka 1997, ndiyo kazi yake kubwa kuliko zote kwa maoni yangu. Ilipata Dubu wa Fedha huko Berlin, tuzo maalumu ya majaji. Hsiao-kang anakubali kuelea kama maiti katika mto mchafu kwa ajili ya watengeneza filamu, kisha shingo inamshika kwa maumivu yasiyopona. Baba anamzungusha kwa madaktari, kwa wachua misuli, kwa waganga wa hekaluni. Wakati huo huo dari ya chumba cha baba inavuja. Anatega plastiki, anaunganisha njia ya kuyatoa maji nje, anahangaika na maji hayo usiku kucha badala ya kugonga mlango wa jirani wa juu na kuuliza. Baba, mama na mwana wanaishi chini ya paa moja kama wapangaji watatu. Na baba ana maisha ya siri: anatafuta wanaume katika nyumba za mvuke zenye giza. Filamu inapeleka siri hiyo mahali pagumu mno, kwa baba na mwana pamoja, na sitasema zaidi.

Mwigizaji aliyekwisha kazi angeikataa nafasi hiyo, au angeichukua na kuomba huruma ya mtazamaji kila dakika. Miao Tien haombi chochote. Tazama anavyokula peke yake mezani. Tazama anavyotembea kwenye korido za nyumba ile ya mvuke, mgongo umenyooka, hatua zimepimwa, macho yakitangulia. Ni Pi Shaotang yule yule wa nyumba ya wageni! Mwili umezoea kuficha nia, na Tsai ameligundua hilo: ufichaji uliokuwa wa kutisha mwaka 1967 umekuwa wa kuhuzunisha mwaka 1997, bila mwigizaji kubadili mengi. Kuna wakati wako kwenye pikipiki na baba anakishika kichwa cha mwanawe kisianguke upande. Hakuna neno. Mkono ule ule tuliouogopa, leo umeshika shingo ya mgonjwa.

Katika The Hole ya mwaka 1998 anapita kwa muda mfupi tu, mteja anayeulizia dukani bidhaa ambayo haitengenezwi tena. Nafasi ndogo, lakini ni yake kabisa.

What Time Is It There?, ya mwaka 2001, inaanza naye. Baba analeta chakula mezani, anakaa, anavuta sigara, anamwita Hsiao-kang, haitikiwi, anatoka kwenye kibaraza cha nyuma, anasogeza mmea. Ni picha moja isiyokatwa, kamera imesimama. Picha inayofuata, mwana yuko kwenye gari amepakata majivu ya baba yake. Kwa hiyo Miao Tien ana dakika chache tu za kuwa hai, na filamu nzima iliyobaki ni ya watu wawili wanaomkosa: mama anayeziba madirisha na kuamini roho ya mumewe imerudi ndani ya nyumba, na mwana muuza saa anayerudisha saa zote kwenye majira ya Paris kwa sababu ya msichana mmoja aliyesafiri kwenda huko. Uombolezaji huo usingesimama kama dakika zile za mwanzo zingekuwa tupu. Ilimbidi mwigizaji, akiwa peke yake na sahani na sigara, atuachie mtu kamili wa kukumbukwa kwa karibu saa mbili. Ametuachia.

Sitakusimulia mwisho wake ulivyo. Nitasema tu kwamba baba anaonekana tena mahali usipomtegemea, kwenye bustani ya Tuileries mjini Paris, na anachofanya hapo anakifanya kwa utaratibu ule ule aliosogezea mmea nyumbani kwake.

Sasa tuje kwenye filamu uliyoitazama. Goodbye, Dragon Inn ni ya mwaka 2003, na jumba lile ni la kweli, Fuhe, katika eneo la Yonghe pembezoni mwa Taipei. Ni usiku wake wa mwisho, mvua inanyesha, na picha inayoonyeshwa ni Dragon Inn ya King Hu. Kwenye viti wapo watu wachache, wengine huenda ni mizimu. Maneno ya kwanza kati ya watu waliomo jumbani yanasikika filamu ikiwa imeshafika karibu nusu, na yanahusu mizimu. Mzee mwenye mtoto ni Miao Tien. Yule mwingine anayetazama kiwambo huku macho yamejaa machozi ni Shih Jun, yaani Xiao Shaozi mwenyewe. Adui na stelingi wa mwaka 1967 wamekaa gizani wakijitazama walivyokuwa, na yule mtoto pembeni mwa Miao Tien haelewi kwamba mtu wa kutisha pale mbele ndiye aliyemleta.

Bila kujua hilo, ni kweli unaona mzee amekaa tu. Kwa hiyo sikulaumu wewe wala rafiki yako. Rudi uitazame ukiwa unajua. Shih Jun analia, Miao Tien halii. Kila mmoja anabaki na tabia ya mhusika wake wa zamani: aliyekuwa na moyo mwepesi machozi yanamtoka, aliyekuwa akificha kila kitu anaendelea kuficha. Wanapokutana ukumbini baadaye, Shih Jun anamsalimu kwa heshima ya mwalimu, na mazungumzo yao hayazidi sentensi chache: kwamba ni muda mrefu hawajaja sinema, kwamba watu hawaji tena, kwamba wao wenyewe wamesahaulika. Miao Tien anasema sehemu yake kama mtu anayetaja hali ya hewa. Huyo si mwigizaji aliyekosa nguvu za kulia. Amepima kwamba mwenzake ameshalia, na kwamba machozi mawili yangekuwa mengi kwa tukio moja.

Na neno la kuhurumiwa nalikataa kwa sababu nyingine pia. Tsai alimpa nafasi tangu filamu yake ya kwanza na akaendelea naye kwa zaidi ya miaka kumi. Familia ya Hsiao-kang inayopita katika filamu tatu haiwezi kufikirika bila baba huyu. Muongozaji akikuhurumia anakupa siku moja ya kazi na chakula cha mchana. Akikuhitaji, anajenga nyumba nzima na kukuweka ndani yake, na hata akimuua mhusika wako anakutafutia njia ya kurudi.

Kuhusu mpangilio: anza na Dragon Inn, usianze na nyingine yoyote. Imesafishwa upya na kuonyeshwa Cannes mwaka 2014, kwa hiyo tafuta nakala hiyo. Nakala za zamani zilizofifia zinaficha nyuso, na uso wa Miao Tien ndio unaoufuata. Fuatisha What Time Is It There?, maana ndiyo inayomfundisha mtazamaji subira bila kumtesa. Rebels of the Neon God inaweza kuja popote baada ya hapo. Rudia Goodbye, Dragon Inn, dakika themanini na mbili tu, ikiwezekana wiki ile ile uliyoitazama ya King Hu, mandhari za nyumba ya wageni zikiwa bado mbichi kichwani. A Touch of Zen ni ndefu, saa tatu, na humo Miao Tien hana nafasi kubwa, lakini ukimpenda King Hu utaifikia tu. The River iweke mwisho. Ina mambo ya watu wazima, na tukio lake zito linaweza kukushtua vibaya ukilikuta bila kujiandaa. Usiitazame na watoto wala na wazazi sebuleni.

Ukiwa na rafiki yako, mtazameni Pi Shaotang mkiwa mmezima sauti kwa dakika kumi, pale kabla mapigano hayajaanza, halafu weka mwanzo wa What Time Is It There? bila kusema kitu. Nadhani hatahitaji barua yangu tena.